Kijakazi wa Lango la Hinokida

Hatsu Inokuma alipokaribia kutimiza miaka tisini na miwili, mkwewe Sumie alimuuliza anataka zawadi gani. Mwaka uliopita aliomba soksi za sufu, na mwaka wa kabla ya huo aliomba samaki wa kuokwa, kwa hiyo Sumie alitarajia jambo la namna hiyohiyo. Bibi kizee akamaliza kwanza supu yake, akafuta midomo, akasema, "Nataka kutembezwa."

"Kutembezwa wapi, mama?"

"Mtaa wa kale. Kila Jumapili Teiji anawaonyesha watu wa Osaka na Nagoya mji wetu. Na mimi anionyeshe."

Sumie akacheka. "Mama, wewe umezaliwa hapa Kurahama! Utaonyeshwa nini usichokijua?"

"Sijatia mguu kule tangu wautengeneze. Nasikia hata nyaya za umeme wamezifukia chini."

Vijiti vya kulia vya Teiji, mwanawe na mume wa Sumie, vilisimama hewani na kipande cha figili. "Kule ni mawe matupu, mama. Kiti chako kitakurusha mpaka mgongo ukuume."

"Mgongo ni wangu."

"Na ni mwendo wa saa moja na nusu."

"Mimi nitakuwa nimekaa. Watakaotembea ni ninyi."

Sumie akaona ni jambo dogo na zuri. Akasema atabadilishana zamu na mwenzake dukani, alikokuwa akikata samaki, ili Jumapili amsukume mama mkwe mwenyewe. Teiji alirudisha figili kwenye sahani akaondoka mezani.

Teiji alikuwa na miaka sitini na sita. Alipeleka barua katika mji huo miaka thelathini na minane, na alipostaafu alijiunga na chama cha wazee wanaojitolea kuwatembeza wageni katika mtaa wa kale: kando ya mfereji wenye mierebi, chini ya maghala ya kuta nyeupe, kupita vichochoro vya nyumba za mbao nyeusi. Hakukuwa na mwongozaji aliyependwa kumpita. Wageni walipiga simu ofisini wakamwomba kwa jina, na walichomwomba hasa ni kijakazi wa lango la Hinokida.

Katika kijitabu cha chama hadithi hiyo ilikuwa mistari miwili tu. Muda mfupi baada ya Vita vya Pili vya Dunia, mtumishi wa ndani katika nyumba ya akina Hinokida, matajiri wa sosi ya soya, alikamatwa na kitana cha gamba la kobe cha bibi mkubwa, akapigishwa magoti mbele ya lango kutwa nzima ili mji umwone. Basi. Mengine yote aliyaongeza Teiji: sauti ya puani, magoti yaliyopinda ndani, macho ya makengeza, kilio. Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Duka la biskuti lililo mkabala na lango lilianza kuuza biskuti zenye umbo la kitana.

Kijitabu hakikutaja jina la yule mtumishi. Teiji alilijua. Lilikuwa jina la mama yake.

Aliambiwa na baba yake akiwa na miaka kumi na miwili, siku moja baba alipolewa na kutaka kumuumiza mtu. Teiji hakumuuliza mama, wala hakumwambia mkewe. Alipoanza kazi ya kuongoza wageni alitaka kuiruka hadithi hiyo, lakini akaogopa kwamba atakayeiruka ndiye atakayeshukiwa. Akaisimulia harakaharaka, na watu wakacheka. Siku nyingine akapindisha magoti kidogo, wakacheka zaidi. Hivyo ndivyo ilivyokuwa, wiki baada ya wiki, miaka sita, mpaka akaacha kabisa kumwona mama yake ndani ya hadithi ile.

*

Jumapili saa nne asubuhi, watu kumi na wanne walikusanyika penye taa ya mawe karibu na daraja. Wengi walikuwa wa chama cha wastaafu wapenda kutembea, kutoka Nagoya, wenye viatu vipya na fimbo. Sumie alikuja nyuma yao akisukuma kiti cha magurudumu. Hatsu alijifunga shali ya zambarau na kuchana nywele vizuri.

"Sikilizeni," Teiji alimnong'oneza mkewe. "Chama hakiruhusu kuleta jamaa. Mkiulizwa, semeni ninyi ni wageni tu."

"Tangu lini?"

"Ni kanuni, Mama Kayo. Usinitie matatani."

Akawabandikia vibandiko vya nambari kifuani kama wageni wengine. Hatsu alipewa kumi na tano, Sumie kumi na sita. Alipokuwa akimbandikia mama yake, kibandiko kikakaa upande. Mama alikitazama, akakinyoosha mwenyewe.

"Asante, bwana," akasema, kama mtu asiyemjua.

Matembezi yakaanza. Teiji aliinua kibendera chake cha kijani na kutangulia. Alieleza jinsi chumvi na sosi zilivyopakiwa hapo mashuani, kwa nini mbao za nyumba zimeunguzwa kwa moto kabla ya kupigiliwa, na jinsi madirisha ya fito yanavyomwezesha wa ndani kumwona wa nje na wa nje asimwone wa ndani. Aliongea vizuri. Mara kwa mara aligeuka kutazama mwisho wa kundi, na kila alipogeuka alikuta shali ya zambarau imenyooka na macho ya mama yake yako juu yake, yakisikiliza kwa adabu.

Kwenye mawe magumu kiti kilikwama, na bwana mmoja mwenye kofia ya buluu akasaidia kuinua.

"Bibi unafurahia?" akauliza.

"Sana. Kijana anajua kueleza."

Walipofika lango la Hinokida, Teiji alikuwa amekwisha amua. Alizungumza juu ya mapipa yenye umri wa miaka mia, juu ya vigae, juu ya harufu ya soya ambayo hata leo haijatoka kwenye mbao, kisha akainua kibendera. "Haya, twendeni kisimani."

"We Bwana Inokuma!" Ilikuwa sauti ya Mama Okazoe, mwenye duka la biskuti, amesimama mlangoni na trei mkononi. "Unakwenda wapi? Kijakazi wetu umemwacha kwa nani leo?"

"Leo muda ni mfupi, Mama Okazoe."

"Muda mfupi! Watu wametoka Nagoya! Jamani, mwambieni awaigizie. Msipoona hiyo hamjafika Kurahama."

"Ndiyo, ndiyo!" akasema yule wa kofia ya buluu. "Shemeji yangu alikuja mwaka jana, ametusimulia. Tumekuja kwa ajili hiyo!" Akaanza kupiga makofi, na wengine wakafuata.

Teiji akamtazama mama yake. Hakuwa akimtazama yeye. Alikuwa akitazama jiwe pana lililo chini ya nguzo ya kushoto ya lango.

Angeweza kusema anaumwa, au akasimulia ile mistari miwili ya kijitabu na kupita. Alifungua mdomo afanye hivyo, ila mwili uliozoea ulimtangulia. Magoti yalipinda yenyewe, macho yakaingia ndani yakakutana puani.

"Si mimi, bibi mkubwa!" ikatoka ile sauti ya puani. "Kitana kimeruka chenyewe! Kimeona kichwa changu kikubwa kikafikiri ni kiota!"

Kicheko kikapasuka. Sasa hakuweza kurudi nyuma. Alipiga magoti kwenye lile jiwe, akajifuta makamasi kwa mkono wa koti, akaangua kilio kirefu. "Akalia, jamani, akalia mpaka mbwa wa mtaa mzima wakamwonea huruma, nao wakaketi hapa wakalia naye: Uuuu! Uuuu!" Wazee wa Nagoya walishikana mabega kwa kucheka. Mama Okazoe alifuta machozi kwa ncha ya aproni ingawa aliiona kila wiki.

Na Hatsu alicheka. Aliweka kiganja mbele ya mdomo, kama alivyofundishwa binti wa zamani zile, na mabega yake membamba yakatikisika pamoja na ya wengine.

"Bibi," akasema yule wa kofia ya buluu, akijifuta macho, "wewe naona ni wa hapahapa. Ulimwahi huyo kijakazi?"

"Nilimwahi."

"Kumbe! Na alikuwa hivyo kweli?"

Watu wakanyamaza kumsikiliza. Hatsu akafikiri kidogo.

"Hakulia," akasema. "Alikaa pale tangu saa mbili asubuhi mpaka jua lilipozama, na hakulia. Hapo bwana amekosea kidogo."

"Aaa!" wakasema wageni, wakipendezwa, kama watu walioongezewa kitu juu ya walicholipia. Mama mmoja akaandika kwenye daftari. Mama Okazoe akapita na trei akigawa biskuti za kuonja, na Hatsu akapokea yake kwa mikono miwili, akainamisha kichwa kushukuru, akaila yote. Sumie, aliyesimama nyuma ya kiti, aliona macho ya mama mkwe yako kwenye lile jiwe, na makombo yakimwagikia shali. Akainua macho kumtazama mumewe, ambaye bado alikuwa amepiga magoti kwenye jiwe, uso umemwiva kama pilipili. Hapo Sumie akaelewa.

Bado ilibaki nusu saa ya matembezi. Teiji aliinuka, akapangusa suruali, akawapeleka watu kisimani. Akawaambia kina cha kisima, akakosea, akarudia.

*

Nyumbani Sumie alipakua wali wa maharagwe mekundu aliokuwa ameupika alfajiri kwa ajili ya sherehe. Hatsu alikula kidogo akaomba kulazwa. Mlango wa chumba chake uliposukumwa ukafungwa, Sumie alibaki amesimama na mwiko mkononi.

"Ulijua?"

Teiji alivuta sahani yake karibu.

"Nakuuliza, Baba Kayo. Ulijua kwamba ni mama?"

"Nilijua."

"Tangu lini?"

"Tangu utotoni."

Sumie akaweka mwiko chini taratibu, kana kwamba ungevunjika. "Miaka sita. Mimi mwenyewe nimekuja kukutazama mara mbili na wenzangu wa dukani. Nimecheka. Umeniacha nimcheke mama mkwe wangu, halafu nikarudi hapa nikamwogesha."

"Nyamaza, atasikia."

"Atasikia nini ambacho hajakisikia leo?" Akavua aproni. "Wali huu sili. Kula wewe."

Teiji alikaa peke yake na sahani tatu. Mwisho akajikokota hadi mlango wa chumba cha mama yake, akausukuma, akapiga magoti kwenye mkeka mpaka paji la uso likagusa chini.

"Mama, nisamehe."

Hatsu alikuwa macho, anatazama dari. "Niletee miwani kwanza. Siwezi kuongea na mtu nisiyemwona."

Akaletewa. Akaivaa, akamtazama mwanawe kwa muda.

"Wanawake wa kituo cha wazee ndio walioniambia. Walisema, mwanao anachekesha kweli akifika kwa Hinokida. Hawakujua wanamwambia nani. Nikasema, ngoja nikajionee."

"Mama, kwa nini hukunikataza?"

"Ningekukatazaje, nawe hujawahi kuniuliza?" Akairekebisha miwani. "Hata leo hutaki kuuliza kama niliiba?"

Teiji alishindwa kuinua kichwa. "Uliiba?"

"Nilichukua. Bibi mkubwa alikwenda mazishini. Nikakichomeka kichwani, nikaenda kujitazama kwenye pipa la maji uani. Nilikuwa na miaka kumi na mitano, Teiji, na vita vilikuwa vimetula, hapakuwa na kitu kizuri mahali popote. Nikajitazama mpaka maji yakatulia kabisa. Halafu nikakirudisha. Nilikamatwa nikikirudisha kwenye kijaluba chake, si nikikichukua. Nani angesadiki?"

Akapitisha kiganja kwenye nywele zake nyeupe.

"Nywele zangu zilikuwa nzuri," akasema. "Vicheko sijali, nimechekwa sana. Lakini mbona ulinifanya nina makengeza? Mimi sijawahi kuwa na makengeza."

Hatsu alivua miwani, akamrudishia mwanawe, akageukia ukutani.

*

Siku ya Jumatano Teiji alikwenda ofisi ya chama, kuomba hadithi ya kitana iondolewe. Mwenyekiti, Bwana Murozumi, mstaafu wa benki mwenye adabu nyingi, alimmiminia chai.

"Iondolewe? Bwana Inokuma, wewe ndiye uliyeijenga!"

"Ndiyo maana naomba."

"Kuna mtu amelalamika?"

Hapo ndipo palipotakiwa neno moja tu. Teiji alilitafuta, akaliona, akalimeza. "Hapana," akasema. "Naona tu imezeeka."

"Haijazeeka hata kidogo! Na kumbuka wenzetu wa maduka. Mama Okazoe anaishi kwa biskuti zile. Kama wewe umeichoka, mwachie binti Asaka wa hapa ofisini, ni hodari, ataishika." Bwana Murozumi akamsindikiza mlangoni, akamtia mkononi boksi la biskuti zilezile za kitana, kumpoza. Teiji akalibeba nusu ya njia. Penye jaa la taka akatazama kulia na kushoto, akalitupa, na mara akaona aibu kwa hilo nalo.

Jumapili iliyofuata watu walikuwa ishirini. Walipofika langoni, na Mama Okazoe akiwa tayari na trei yake, Teiji aliteremsha kibendera.

"Hapa huwa nawachekesha watu," akasema. "Leo sitawachekesha. Msichana aliyepigishwa magoti kwenye jiwe hili anaitwa Hatsu. Yu hai. Ni mama yangu mzazi. Hakuwa mwizi, wala hakuwa na makengeza. Yote mliyoyasikia nimeyatunga mimi, na naona haya."

Akainama mbele yao, akakaa ameinama muda mrefu kuliko ilivyozoeleka. Hakuna aliyejua la kufanya. Mwanamke mmoja naye aliinama. Kijana mmoja aliendelea kupiga picha vigae. Bwana mmoja alitazama saa, akamwuliza mkewe kwa sauti ya chini, lakini iliyosikika, kama choo kiko karibu. Mama Okazoe alirudi ndani na trei ikiwa imejaa, akafunga mlango.

Mwisho wa matembezi, kwenye sanduku la maoni, mtu aliandika: "Mandhari nzuri. Mwongozaji alituharibia siku." Jioni Bwana Murozumi alipiga simu, akasema kwa upole mwingi kwamba labda Bwana Inokuma angependa kupumzika kidogo, asaidie maegesho ya mabasi.

Teiji hakujali. Kifua chake kilikuwa chepesi kwa mara ya kwanza baada ya miaka mingi. Aliingia kwa mama yake bila kuvua koti.

"Mama, leo nimelisafisha jina lako."

Hatsu alikuwa akimenya chungwa. "Jina langu?"

"Nimewaambia wote, pale langoni. Nimewaambia ni wewe, na kwamba hukuiba."

Chungwa likateremka mapajani. "Umelitaja?"

"Nimelitaja."

"Mbele ya nani?"

"Wageni ishirini. Na Mama Okazoe."

"Okazoe!" Hatsu akafumba macho. "Wewe mtoto wewe. Umemwaga mtama kwenye kuku wengi."

"Mama, nilitaka kutubu."

"Ungetubu kwa jina lako! Ungesema, mimi Teiji nimekuwa mwongo, ukanyamaza hapo. Mji huu ulikuwa na mwizi asiye na jina. Wote waliojua ni nani wamekufa, mmoja mmoja. Nimewasindikiza wote makaburini, na kila mmoja alipofukiwa nilipumua kidogo. Alibaki huyo msichana tu, hajulikani ni wa nani. Nilijifunika huko miaka sabini na saba. Leo umenivuta shuka." Akahema. "Kwanza umenivua nguo ili watu wacheke. Sasa umenivua ili wewe ulale usingizi."

Sumie alisikia akiwa jikoni, akaja akasimama mlangoni. Hakumtetea yeyote.

"Mimi kile kitana nilikirudisha," akasema Hatsu. "Wewe utarudishaje?"

*

Jumanne gari la kituo cha wazee lilikuja kama kawaida, na Hatsu akaenda. Kule walikuwa wakiogeshwa, wanakula chakula cha mchana, na kucheza karata. Miaka mitano mizima meza yake ilikuwa ile ya dirishani, na mwenzake wa karata Bibi Tsuruyo, mjane wa mwuza tofu ya soya.

Habari ilikuwa imekwisha tangulia. Aliposukumwa ndani, watu walinyamaza, kisha wakaongea wote kwa pamoja. Mlezi mmoja alimsalimu kwa sauti tamu kupita kiasi, kama anayesalimu mgonjwa. Bibi Tsuruyo alisema, "Karibu, Hatsu, karibu," akagawa karata. Na alipokuwa akigawa, bila hata kufikiri, alivuta mkoba wake uliokuwa mezani, akaupakata.

Hatsu aliuona mkoba ukiondoka. Alicheza michezo mitatu, akashinda mmoja. Ijumaa gari lilipokuja, alisema hajisikii vizuri. Jumanne ya pili akasema hivyohivyo. Ijumaa ya pili hakutoa hata sababu.

Sumie alimwogesha nyumbani, kabla ya kwenda kazini, kwenye bafu finyu ambamo iliwabidi washikane kama watu wanaocheza ngoma. Siku moja, akimsugua mgongo, akamuuliza nini kilitokea kituoni, naye akamsimulia habari ya mkoba kwa maneno machache. Sumie alikwenda moja kwa moja kwa mumewe, aliyekuwa akivaa ile fulana ya rangi ya chungwa ya maegesho.

"Tsuruyo ameficha mkoba," akasema. "Mama akae mezani na mtu anayeficha mkoba, ana miaka tisini na miwili. Nimekuambia ili usiku ukilala ulale nalo."

Hakumpa nafasi ya kujibu. Teiji alikaa kwenye ngazi ya mlangoni na kiatu kimoja mguuni mpaka akachelewa.

*

Jumanne ya nne Hatsu aliamka mapema, akaomba shali ya zambarau.

"Nipigieni simu kituoni, muwaambie wasilete gari," akasema. "Nakwenda. Teiji atanisukuma."

"Njia ya nyuma ya shule ni laini, mama," Teiji akasema. "Haina mawe."

"Sipiti nyuma ya shule. Tutapita mtaa wa kale."

"Mama, saa hizi kutakuwa na wageni. Kuna maduka—"

"Najua kuna nini."

Wakatoka. Asubuhi ilikuwa ya baridi yenye jua. Walipoingia kwenye mawe kiti kikaanza kurukaruka, na Teiji akaanza kuinamisha kichwa kwa kila mwenye duka: kwa mwuza chai, kwa fundi wa mianzi, kwa kijana wa tambi. Aliinama hata kabla hawajamwona.

"Acha kuinama," akasema mama yake bila kugeuka. "Unanitikisa."

Yeye mwenyewe aliwasalimu mmoja mmoja kwa jina la nyumba yake, kwa sauti ya kusikika. "Habari za asubuhi, Kajitani. Babu yako alikuwa na farasi mkorofi." "Habari za asubuhi, binti. Hapo kwenu palikuwa pa kuuza mafuta." Wengine waliitikia, wengine wakajitia wanapanga bidhaa. Mama Okazoe alikuwa nje akifagia. Alipowaona alishika fagio kwa mikono yote miwili, asijue aingie ndani au abaki.

"Habari za asubuhi, Okazoe," akasema Hatsu.

"Na... na wewe, bibi. Kumepoa leo."

"Kumepoa."

Mbele ya lango la Hinokida njia ilikuwa imezibwa na wageni. Katikati yao alisimama binti Asaka na kibendera cha kijani, magoti yamepinda ndani, na sauti ya puani ndiyo kwanza inamtoka. Alipomwona Teiji alikatiza neno katikati. Damu ikampanda usoni mpaka kwenye masikio. Wageni wakageuka kutazama alichokiona, wakamwona mzee wa fulana ya chungwa na bibi kizee kwenye kiti.

Teiji alisimamisha kiti. Nafasi ya kurudi ilikuwepo, kichochoro kilikuwa palepale kushoto.

"Samahanini," akasema Hatsu kwa wageni, "tunaomba kupita." Wakasogea pande mbili. Kiti kilipofika usawa wa binti Asaka, ambaye sasa alikuwa ameinamisha kichwa, Hatsu akamwambia, "Endelea, binti. Usiwakatize wageni." Na kwa mwanawe, kwa sauti ileile, "Wewe sukuma. Usisimame."

Teiji akasukuma. Walipita wote waliokuwa wakiwatazama, na nyuma yao hakukuwa na kicheko, wala sauti ya binti Asaka haikuendelea. Machozi yalimshuka mwanamume yule wa miaka sitini na sita hadharani, na kwa kuwa mikono yote miwili ilikuwa kwenye kiti, hakuweza kuyafuta.

Kituoni mlezi alikuja mbio kuwapokea. Kwa kioo cha mlango Teiji alimwona Bibi Tsuruyo kwenye meza ya dirishani, amenyanyua shingo, na karata amekwisha zichanganya. Hatsu aliondoa mkono wa mlezi uliotaka kuchukua kiti.

"Saa tisa uje kunichukua," akamwambia mwanawe. "Uje wewe. Na turudi kwa njia ileile."

"Sawa, mama."

"Na Ijumaa."

"Na Ijumaa."

"Mpaka nitakapokuambia basi," akasema Hatsu, akamruhusu mlezi amsukume ndani.